Ngatirah na Distributa ya Marehemu

Ngatirah ameingiza kichwa na mabega yote mawili chini ya boneti ya gari lake, Kijang ya kijani, na anayoyasema humo ndani hayafai kuchapishwa gazetini. Gari limetoka kupiga bomu kupitia kabureta. Njiwa wa jirani wamepaa, na upande wa jikoni mwanamke mmoja ameangusha kifuu cha nazi.

"Tena," anasema Ngatirah, akitoa mkono nje na kumpungia mtu aliyekaa kwenye usukani.

Ufunguo unazungushwa. Injini inajikokota, inapiga bomu jingine, inanyamaza. Moshi mweusi unapanda hadi kwenye turubai lililofungwa juu ya uchochoro.

"Basi, Mzee Mujari, acha. Utaniulia betri."

Mzee Mujari, mwenyekiti wa mtaa, anaondoa mkono kwenye ufunguo na kuuweka pajani kwa adabu. Amekaa hapo tangu asubuhi. Hakuna aliyemwita, na kila Ngatirah anapomwambia akapumzike, anajibu kwamba hajachoka.

Ngatirah ana umri wa miaka hamsini na mmoja. Ni fundi wa magari katika mtaa ulio nyuma ya soko la Parakan, chini ya mlima Sumbing, na leo ni siku mbaya kuliko zote ya gari kugoma. Baada ya sala ya isha, hapa nyumbani kwake itasomwa hitima ya siku elfu tangu afariki mumewe, fundi Tukiyar. Majirani wanawake wamejaa jikoni wakipika wali wa kunata na mikate ya apem ya unga wa mchele. Kabla ya magharibi inambidi apande mlimani kumchukua mama wa marehemu, Bibi Kasinem, naye Bibi Kasinem ametamka wazi kwamba hatakuja kwa gari lingine lolote. Atakuja kwa gari la mwanawe, au atabaki nyumbani kwake aombe dua peke yake.

Si kwamba magari hayapo. Mzee Mujari ana gari jipya lenye kiyoyozi na amejitolea kwenda. Bibi akasema kiyoyozi ni mafua ya kununua.

"Nikamwambia, Mama, gari la mwanao halipandi tena mlima," anasimulia Ngatirah, huku akifuta mikono kwa kitambaa kilicholowa oili kuliko mikono yenyewe. "Akanijibu, 'Kwani si wewe ndiye fundi siku hizi?' Nikashika spana."

Neno hilo lina historia. Tukiyar alipofariki ghafla, karibu miaka mitatu iliyopita, kulikuwa na magari matatu ya watu uani, yamefunguliwa nusunusu. Wenyewe walikuja kutoa pole, kisha wakasimama wakiyatazama magari yao bila kuthubutu kuuliza. Ngatirah, ambaye kwa miaka ishirini na zaidi alikuwa akimpa mumewe spana kabla hajaitaja, alivua kanga ya msiba akayafunga yote matatu. Moja tu ndilo lililorudi likiwa na hitilafu, na hitilafu yenyewe ilikuwa tairi.

Mama mkwe wake hakufurahi. Alimwambia auze vifaa, afungue meza ya kuuza uji. Mwanamke kuinamia injini barabarani, watu watasema nini. Watu hawakusema kitu, walileta magari. Mwezi mzuri, wakulima wakishauza tumbaku, Ngatirah hubaki na rupia milioni mbili hivi. Miezi ya mvua hata nusu yake haifiki, na ndiyo miezi anayoitumia kujiuliza kama uji usingekuwa bora.

Lakini Kijang yenyewe, gari la nyumbani, ilibaki vilevile alivyoiacha marehemu. Breki ya mkono imekufa. Honi imekufa. Mlango wa nyuma unafungwa kwa kamba. Na distributa, kile chombo kinachogawa moto kwa plagi, kila moja kwa zamu yake, ilikuwa imelika hadi mhimili wake unacheza kama jino la mtoto.

"Unapima nafasi ya pointi, vile vyuma viwili vya ndani, unakaza skrubu, unazungusha injini, nafasi imeshabadilika," anasema. "Moto unatoka unapotaka wenyewe. Basi gari linamisi, linakohoa, likifika kona ya kwanza ya mlima linakohoa mpaka mbwa wanabweka. Miaka sita, nasema miaka sita, nilimwambia yule mwanamume abadilishe distributa. Ananiambia, 'Ndiyo, kesho.' Kesho yake anakata kipande cha kopo la samaki, anakichomeka kuziba pale palipolika, anaondoka anapiga mluzi."

Kuna vipande vinne vya kopo la samaki kwenye benchi lake la kazi. Amevipanga kwa mstari. Anapovitazama, unaona kabisa kwamba ana jambo la kumwambia marehemu.

Tukiyar alitengeneza magari ya watu wote wa Parakan isipokuwa lake. Mwezi uliopita kopo la mwisho liliachia, gari likazimika katikati ya mlima, na hapo hata Ngatirah akaona imetosha.

Jana asubuhi aliianza kazi kama inavyotakiwa. Alifungua plagi zote nne. Akaziba tundu la plagi ya kwanza kwa kidole, akazungusha injini taratibu kwa spana hadi upepo ukamsukuma kidole, akaendelea hadi pistoni ilipofika juu kabisa. Rota ya distributa, kipande kinachozunguka ndani yake, ikawa imeelekea waya wa kwanza. Akaweka alama mbili kwa rangi nyekundu ya kucha, moja kwenye rota na moja kwenye injini, ndipo akaing'oa distributa ya zamani.

Kuanzia hapo kuna sharti moja tu, na kila fundi analijua: injini isizunguke hata kidogo mpaka distributa nyingine iingie. Ikizunguka, zile alama ni rangi ya kucha tu.

Kwa kuwa breki ya mkono haipo, aliliacha gari kwenye gia, akaweka mawe mbele na nyuma ya tairi. Akamwambia Sarmi, jirani yake wa mlango wa pili, kwamba gari lisiguswe. Sarmi akasema ndiyo, dada. Ngatirah akapanda basi kwenda Magelang kutafuta distributa.

Alirudi jioni akiwa na distributa ya mtumba lakini nzima, mhimili wake umekaza, bei laki tatu na nusu baada ya ubishi mrefu na muuzaji anayeitwa Hendarto. Akakuta uchochoro umefunikwa turubai. Nguzo za mianzi zimesimama, taa zimeshatundikwa, mikeka imewekwa kando. Hakuwa amemwomba mtu. Macho yakamlowa kidogo, anakiri, akajifanya ni vumbi la tumbaku iliyoanikwa.

Kijang ilikuwa palepale. Mawe yalikuwa palepale. Hata kile kipande cha boksi cha kukinga oili inayodondoka kilikuwa palepale, juu ya doa lake.

Aliuliza hata hivyo, maana ni fundi. Aliwauliza wanaume waliokuwa wakinywa chai chini ya turubai, Mzee Mujari akiwemo, kama kuna aliyelisogeza gari. Hapana, dada, wakasema. Akamuuliza Sarmi. Hapana, dada. Asubuhi hii, kabla hajaifunga distributa, alimuuliza tena Mzee Mujari, na mwenyekiti akatafakari kidogo kisha akasema hapana, dada, gari lipo palepale.

Basi akaiingiza kwa kufuata alama zake, akarudisha plagi na waya, akamwomba Mzee Mujari azungushe ufunguo. Gari likapiga bomu la kwanza.

Ndipo ilipoanza asubuhi hii ambayo majirani wataisimulia muda mrefu. Ngatirah amebadilisha koili. Amezungusha distributa kushoto na kulia hadi mwisho wa nafasi yake. Amefungua kabureta ambayo haikuwa na kosa. Amepokea ushauri wa mpita njia mwenye gunia la kabichi, aliyemwambia tatizo ni petroli, na wa mwingine aliyesema tatizo ni kuanza kazi siku isiyofaa. Huyo wa pili alitazamwa hadi akaondoka.

Mwishowe amempigia simu Hendarto wa Magelang na kumweleza, kwa sauti iliyofika sokoni, kwamba amemuuzia takataka.

"Dada, mimi hiyo distributa nimeipima mwenyewe," sauti ya Hendarto inasikika ikijitetea. "Labda kuna kitu kimesogea huko."

"Hakuna kilichosogea. Nimeuliza mtaa mzima."

Anakata simu. Kwenye usukani, Mzee Mujari anatazama kioo cha mbele kana kwamba kuna barabara.

Jua limeshapita utosini. Ngatirah anaingia jikoni kunywa maji, na wanawake wanampisha. Sarmi, anayekuna nazi, anaona huruma. Anataka kumfariji, na katika kutafuta la kusema anashika lililo karibu.

"Usijali, dada. Litawaka tu. Gari zito lile, jana wanaume wanane walihema."

Kikombe kinasimama njiani kuelekea mdomoni.

"Walihema wakifanya nini, Sarmi?"

Sarmi anaendelea kukuna nazi iliyokwisha kukunwa. Kisha yote yanatoka. Mianzi ilikuwa mirefu, isingeweza kupita gari likiwa pale. Wanaume wakalisukuma mbele. Likagoma, wakakaza, likaenda kwa kujivuta hatua kadhaa huku likizungusha injini, ndipo mmoja wao akagundua kuwa liko kwenye gia, akaitoa. Walipomaliza kusimamisha nguzo wakalirudisha nyuma, wakaingiza gia, wakapanga mawe, wakarudisha na boksi. Walitaka Ngatirah akirudi asipate usumbufu wowote.

"Nilikuambia lisiguswe."

"Ulisema, dada. Lakini na Mzee Mujari alikuwepo. Mimi nimwambie mwenyekiti asisukume?"

Mtu asiyeishi katika uchochoro huu atashangaa. Hapa mtu hasemi kazi aliyokufanyia, maana ni kama kukudai. Na ukiulizwa jambo na mtu aliyekunja uso, unampa jibu la kumtuliza. 'Ndiyo' na 'hapana' hutolewa kama mtu anavyomsogezea mgeni kiti. Wanaume wanane walikuwa na jibu moja la kweli, na wote wanane waliona ni adabu kulificha.

Ngatirah anatoka nje, anakalia ndoo iliyopinduliwa. Hasira imempanda hadi masikioni, na haina pa kwenda. Hawezi kuwafokea watu waliomfungia turubai la hitima ya mumewe bila kuombwa. Anabaki kumtazama Mzee Mujari, naye hatimaye anashuka kwenye usukani.

"Mzee. Nilikuuliza."

"Uliuliza, mwanangu."

"Kwa nini hukusema?"

"Ulikuwa umechoka na safari," anasema mwenyekiti. "Nikaona nikisema, utajiona umetutesa. Leo asubuhi nilitaka kusema. Lakini jana nilishasema hapana, na wenzangu walishasema hapana. Nikaona nikae nawe hapa, angalau nizungushe ufunguo."

Ngatirah anainamisha kichwa. Mabega yanatikisika, na kwa muda haijulikani analia au anacheka. Anapoinua uso, ni vyote viwili.

Anakubali kwamba na yeye ana kosa. Kwenye puli, gurudumu la mkanda mbele ya injini, kuna alama inayoonyesha pistoni ilipo. Angelala chini akaichungulia, angejua papo hapo kwamba injini imezunguka. Hakulala chini kwa sababu alipewa neno, na kwa miaka yote aliyoishi hapa alipaswa kujua bei ya neno hilo. Mumewe asingeuliza mtu. Angelala chini.

Anampigia tena Hendarto. Safari hii sauti yake haifiki hata mlangoni, na mazungumzo yanakwisha kwa kumwalika kwenye hitima.

Kazi inarudiwa tangu mwanzo. Plagi nje, kidole kwenye tundu, spana, upepo. Distributa inatolewa, rota inarudishwa nyuma kidogo kwa sababu meno ya distributa huizungusha inapoingia, kisha distributa inashushwa, na rota inatua ikitazama waya wa kwanza. Majirani wamesimama wakitazama. Safari hii hakuna anayetoa ushauri, na Mzee Mujari ameweka mikono nyuma ya mgongo ili ionekane haigusi kitu.

Injini inawaka kwa mzunguko wa kwanza wa ufunguo. Inanguruma sawasawa, bila kikohozi, sauti ambayo gari hili halijaitoa kwa miaka mingi. Sarmi anapiga makofi kwa mikono yenye nazi. Ngatirah anazungusha distributa kidogo, anasikiliza, anaikaza. Haonyeshi furaha. Anasema amechelewa.

Kijang inapanda mlima Sumbing katikati ya mashamba ya tumbaku. Kona ya kwanza inapita, ya pili inapita. Ngatirah anaendesha akiwa ameinama mbele, akisubiri kasoro, na kasoro haiji.

Nyumbani kwa Bibi Kasinem kunamngoja usumbufu wa mwisho. Bibi, mwenye umri wa miaka themanini na minne, amekaa kwenye kigoda jikoni akiwa na nguo za kushindia. Hajaoga wala hajafunga nywele. Ngatirah anasimama mlangoni.

"Mama, nilisema kabla ya magharibi. Mbona hujajiandaa?"

"Nilikuwa nasubiri nilisikie gari," anasema Bibi. "Kwani umekuja na nini?"

"Na gari la mwanao."

Bibi anatoka, analizunguka gari, anagusa boneti na kuiona ina moto. Anaoga, anavaa, anakaa kiti cha mbele na kufunga mikono pajani. Wanateremka hadi kona ile ya kwanza, ya chini kabisa, ambapo mbwa walizoea kubweka.

"Lilikuwa linakohoa hapa," anasema Bibi. "Nikilisikia nachemsha maji. Akifika, chai iko tayari."

"Ndiyo, Mama."

"Kumbe lilikuwa linatengenezeka."

"Nilimwambia miaka sita, Mama."

Bibi anatazama nje, upande wa tumbaku. "Mimi ndiye niliyemwambia asilitengeneze. Simu sijui kuishika. Ningejuaje kama anakuja?"

Ngatirah anasogeza gari pembeni na kulisimamisha. Injini inaendelea kunguruma vizuri, jambo ambalo kwa sasa linamuudhi.

"Na yeye alisemaje?"

"Alisema, 'Ndiyo, Mama.'"

Baadaye, akisimulia, Ngatirah anasema kwamba pale barabarani alitamani mumewe afufuke kwa dakika tano tu, yeye amgombeze vizuri, kisha marehemu arudi alikotoka. Mkewe alimwambia badilisha, akasema ndiyo. Mama yake akamwambia usibadilishe, akasema ndiyo. Halafu akawa anakata makopo ya samaki, gari liendelee kukohoa bila kufa, ili kila mmoja abaki na ndiyo yake. "Na mimi nilikuwa namwona mvivu," anasema. "Miaka yote ile." Palepale barabarani alijifuta uso kwa mkono wenye oili, akajipaka mstari mweusi shavuni, ambao hakuna jirani aliyethubutu kumwambia upo, hata wageni walipofika.

Uchochoroni wanaume wamekwisha kujipanga walisukume gari hadi mahali pake. Ngatirah anawaambia linawaka, halihitaji kusukumwa. Ndiyo, dada, wanasema, na watatu kati yao wanalisukuma hata hivyo. Bibi Kasinem anashuka, anaketi na wanawake, na muda si mrefu anasikika akiwaeleza kwamba gari limebadilishwa distributa, na kwamba aliyebadilisha ni mkwe wake. Neno distributa analitamka kwa taabu, lakini analirudia.

Ngatirah ana mipango. Anataka taa ya kupimia moto wa injini, ili asitegemee sikio pekee. Anataka kupaka rangi upya kibao cha mbele ya nyumba, ambacho hadi leo kinasema Fundi Tukiyar, na chini yake aongeze jina lake. Mara ya kwanza alipomgusia mama mkwe habari ya kibao, miaka miwili iliyopita, hakujibiwa. Leo Bibi amesema herufi ziwe kubwa.

Lakini hayo yatasubiri. Pale kwenye kona, kabla hawajaondoka, Bibi Kasinem aliuliza jambo moja zaidi bila kumtazama.

"Sasa wewe ukija, nitakujuaje?"

Kwa hiyo Jumatatu, kabla ya gari la mteja yeyote, Ngatirah anatengeneza honi.